Richard Dindo na Mashahidi wa Mshairi

Katika barua alizompelekea mama yake kutoka Aden na Harar, mshairi wa Kifaransa Arthur Rimbaud aliitaja Zanzibar zaidi ya mara moja. Kila alipoitaja ilikuwa ni mahali atakapokwenda: kazi ikimshinda atakwenda Zanzibar, hali ikimruhusu huenda akawa Zanzibar. Hakufika. Ilikuwa miaka ya 1880, nyingi katika hiyo zikiwa ni zama za Sayyid Barghash, na majahazi na meli za moshi zilipishana baina ya bandari hizi mbili; kwa hivyo kilichomzuia si uhaba wa chombo. Sisi wa visiwani tumejaaliwa wageni wengi walioandika vitabu juu ya kwetu baada ya kulala siku tatu. Huyu ni mshairi mkubwa ambaye hakuandika juu yetu ila jina tu, kama anwani ya mtu asiyejuana naye.

Safari hiyo isiyosafiriwa imenikaa moyoni tangu nilipopata kuiona filamu ya Richard Dindo juu ya Rimbaud, iliyotoka mwaka 1991. Aliyetuletea ni rafiki aliyekuja likizo kutoka Ulaya. Tuliitazama watatu kwa kompyuta yake, naye akitufasiria Kifaransa kila tulipomshika mkono.

Dindo alikuwa Mswisi, mzaliwa wa Zürich mwaka 1944, wa ukoo wenye asili ya Italia. Aliacha skuli mapema, akazunguka huku na huku, na mwaka 1966 akahamia Paris. Huko hakuingia chuo chochote cha filamu. Aliingia Cinémathèque, hazina ya Wafaransa ya filamu za kale, akakaa kitini na kutazama siku baada ya siku, kama wanafunzi wa darasa za zamani waliokaa mkekani kumsikiliza shehe mpaka elimu ikawaingia. Kazi yake ya kwanza aliitoa mwaka 1970. Zilizofuata, ukizihesabu zote, zinapindukia 30, na karibu zote ni filamu za hali halisi. Alifariki Paris mwezi wa Februari 2025, naye ana umri wa miaka 80.

Filamu ya hali halisi, kwa tulivyoizoea, ni kumfuata mtu aliye hai: mvuvi akitega dema, mama akikaanga samaki, mwanasiasa akihutubia. Dindo aghalabu aliwachagua watu wasioweza kufuatwa, kwa kuwa walikwisha kufa. Alichukua maneno waliyoyaacha, yakiwa shajara, barua au kitabu, akenda nayo mpaka mahali yalipoandikwa au mahali yanapopasimulia, akaiweka kamera, na maneno yakasomwa. Ndivyo alivyofanya kwa mchoraji Charlotte Salomon, binti wa Kiyahudi aliyeuawa Auschwitz mwaka 1943 akaacha mamia ya picha za rangi zilizoandikwa maneno juu yake. Ndivyo alivyofanya kwa Kafka, kwa Jean Genet, kwa Ernesto Che Guevara, na katika uzee wake kwa Matsuo Basho, mshairi wa Kijapani wa karne ya 17 aliyetembea kwa miguu akiandika njiani. Mwandishi mwenziwe wa Zürich, Max Frisch, alimtengenezea filamu mwaka 1981 naye angali hai, lakini hata hapo alichokifuata ni vitabu vya mtu yule kuliko mtu mwenyewe. Ukiyapanga majina haya utaona kuwa Dindo hakuwa na shughuli na watu mashuhuri. Shughuli yake ilikuwa na watu walioandika.

Hakuanza na washairi, lakini. Kilichomtia midomoni mwa watu nchini kwake ni kijana maskini ambaye hakuandika chochote cha maana. Mwaka 1976, yeye na mwandishi wa habari Niklaus Meienberg walitoa filamu juu ya Ernst S., askari wa mji wa St. Gallen, aliyepigwa risasi msituni na wanajeshi wa nchi yake mwezi wa Novemba 1942, umri wake miaka 23. Kosa lake lilikuwa kuwauzia Wajerumani makombora machache na michoro ya ngome, kwa ujira mdogo. Dindo na Meienberg waliwatafuta nduguze, waliofanya naye kazi na waliokuwa naye jeshini, wakawaacha waseme. Hoja ya filamu ilikuwa nyepesi kuisema na nzito kuimeza: katika vita vile watu waliouawa Uswisi kwa uhaini walikuwa 17, na wakubwa wenye viwanda waliofanya biashara na Ujerumani hawakuwamo. Palizuka zogo. Serikali ikainyima filamu ile tuzo ya fedha ambayo filamu nzuri za nchi hiyo hupewa. Nchi iliyojisifu kuwa haikuingia vitani ilikuwa imeonyeshwa kaburi ambalo haikulitaka kulitazama.

Nalitaja hili kwa urefu kidogo kwa sababu wapo wanaomsoma Dindo kama mtu wa maktaba, mpenzi wa vitabu aliyejifungia na marehemu wake. Sivyo. Mwaka 1987 alitoa filamu juu ya vijana wanne wa Zürich waliokufa katika miaka ya ghasia za vijana mjini humo, na vifo vyao vyote polisi wanatajwa. Njia ni ile ile: mtu hayupo, mahali papo, waliomjua wanasema. Alipokuja kwa Rimbaud alikuwa na mkono uliokwisha kuzoea.

Na katika Rimbaud ndipo alipofanya jambo ambalo sijaliona kwa mwengine. Rimbaud mwenyewe hamuoni. Hakuna mwigizaji aliyevishwa nguo zake wala kijana mwenye nywele za kutimka anayepita kwenye ukungu. Wanaoonekana ni mashahidi: mama yake, umbu lake Isabelle, mwalimu wake Izambard, sahibu yake wa utotoni Delahaye, mshairi Verlaine aliyempenda kisha akampiga risasi ya mkono mjini Brussels mwaka 1873, na Bardey, mfanyabiashara wa kahawa aliyemuajiri Aden. Ni waigizaji, na wanayoyasema yametoka katika barua na kumbukumbu ambazo watu hao waliziandika kweli. Wanatutazama usoni na kutuhadithia, kila mmoja katika mahali pake, kana kwamba msiba umetokea juzi na sisi tumekuja kutoa mkono wa pole. Baina yao inapita sauti inayosoma maneno ya Rimbaud mwenyewe, na kamera inatembea Charleville alikozaliwa mwaka 1854, kisha Aden ya mawe makavu, kisha Harar.

Wanagongana, mashahidi hao. Mama anamkumbuka mwana aliyemchosha. Isabelle anamkumbuka walii. Verlaine anamkumbuka shetani aliyempenda. Bardey anamkumbuka karani hodari, mkimya, mwenye kujua hesabu, ambaye miaka mitatu ilipita tangu amuajiri ndipo akaambiwa, tena na abiria mwenzake melini, kwamba karani wake alikuwa mshairi anayesemwa Paris. Dindo hamwiti hakimu. Anawaacha, na pale walipoachana panabaki tundu lenye umbo la mtu.

Rimbaud aliacha kutunga alipofika miaka 20 na kitu. Aliishi mpaka 37, na katika miaka ile yote ya Aden na Harar aliandika juu ya kahawa, ngozi, pembe na bunduki alizompelekea Menelik. (Aliyewasiliana naye sana katika biashara ile alikuwa Mswisi, mhandisi Alfred Ilg, mshauri wa Menelik, naye amezaliwa mwaka ule ule wa 1854, kwa hivyo Uswisi ilikwisha kumfikia Rimbaud karne moja kabla ya Dindo.) Mwaka 1891 goti lilipomvimba, alijichorea machela mwenyewe, akabebwa na wapagazi 16 kutoka Harar mpaka pwani ya Zeila, safari ya siku kumi na mbili hivi. Njiani aliandika, kwa vifungu vifupi, saa ya kuondoka, saa ya kutua, mvua. Kwa mpenzi wa mashairi ni maandishi yanayoumiza kuliko ubeti wowote: mkono ule ule, na hakuna hata neno moja linalojaribu kuwa zuri. Marseille wakamkata mguu, na Novemba akafa.

Nina sababu ya nyumbani ya kulitazama jambo hili kwa jicho kali. Ammi yangu, ndugu mdogo wa baba, alikuwa malenga. Aliacha daftari moja la skuli, lile lenye jedwali la kuzidisha nyuma ya jalada, na ndani yake mashairi 41 kwa khati za Kiarabu, kila shairi na tarehe yake. La mwisho ni la Novemba 1963. Alikuwa na umri wa miaka 28. Aliishi miaka 35 baada ya hapo, akihesabu magunia ya karafuu ghalani, na katika daftari hakuongeza mshororo. Msomaji wa kisiwa hiki ataiona tarehe hiyo na kudhani amekwisha kulijua jawabu. Mashahidi hawakusema hivyo.

Niliwauliza watatu. Sahibu yake, ambaye walikuwa wakijibizana kwa mashairi, aliniambia kuwa ammi hakuacha kwa hofu wala kwa huzuni. Aliacha kwa sababu yeye sahibu alisafiri kwenda Dubai kutafuta maisha, na malenga asiye na wa kumjibu ni mtu anayepiga kelele kisimani. Aliyefanya naye kazi ghalani miaka kumi na tisa alishangaa: hakujua kuwa mzee yule aliwahi kutunga. Alimkumbuka kwa mzaha mmoja juu ya mizani ya ghala, ambao nilipousikia niliona una vina. Mjane wake alinisikiliza mpaka mwisho, kisha akasema kwamba mume wake hakuacha hata siku moja. Alikuwa akitunga usiku, kitandani, kwa mdomo, anamsomea yeye, asubuhi hayapo.

Naye anayo baadhi. Amepita miaka 80 sasa, na akiwa na raha yake hunisomea beti mbili tatu, kwa ile sauti ya kuvuta mwisho wa mshororo ambayo sasa huisikii. Nikitoa simu kunasa sauti, ananyamaza. Ninapoandika kwa kalamu mbele yake, ananyamaza vile vile. Hayakutungwa kuandikwa, anasema, yangelikuwa ya kuandikwa mwenyewe angeliyaandika, kalamu alikuwa nayo. Ndugu zangu wamegawika. Wako wanaotaka daftari litolewe diwani, pamoja na hayo ya mdomoni kwa kadiri nitakavyoweza kuyashika kichwani. Na wako wanaosema aliyefunga daftari alijua alichofunga. Mimi ndimi niliyeachiwa daftari, na mkubwa wao hajanikataza wala hajaniruhusu.

Kwa hivyo naitazama filamu ya Dindo kama mtu mwenye kesi. Hakuvumbua shairi lolote la Harar. Hakumtia Rimbaud maneno mdomoni wala hakutuambia kwa nini aliacha. Alichofanya ni kuwapa nafasi walioachwa, kila mmoja na lake, wakaonekana wao. Ningelimjaalia kukaa barazani kwetu, nadhani asingemshika ammi hata kidogo. Angelimuweka mjane mlangoni, na sahibu forodhani, na yule wa ghalani katika ghala, wala asingewauliza kwa nini.

Haya si kusema kwamba kazi zake zote ni za daraja moja. Zipo ambamo sauti ya msomaji haipandi wala haishuki, na baada ya saa nzima mtu huanza kuihesabu miti. Waigizaji wake, hata katika Rimbaud, mara nyengine husimama kama walioitwa kupigwa picha ya pasipoti. Na ile filamu yake ya mwaka 2009 juu ya Wamarekani wanaoota kuhamia sayari ya Mirihi mimi haikunishika, labda kwa sababu Mirihi hakuna aliyekwishafia huko, na Dindo pasipo kaburi alikuwa kama malenga pasipo kituo.

Palipo na kaburi hakosei njia. Filamu yake ya mwaka 1994 juu ya Che inaifuata shajara ya Bolivia tangu Novemba 1966 mpaka Oktoba 1967, bonde kwa bonde, kwa mpango wa tarehe. Tunaona mto, tunasikia kwamba hapa walivuka. Tunaona njia ya mbuzi, tunasikia kwamba hapa alikufa fulani. Mandhari ni mazuri, tena yametulia, na utulivu ule ndio unaotisha, maana ardhi haikuweka alama yoyote. Nilipokuwa nikiitazama nilimfikiria mtu mwengine aliyekuwa mtu yule yule: Che wa mwaka 1965, aliyepitia Dar es Salaam na Kigoma, akalivuka Ziwa Tanganyika usiku kwenda kupigana Kongo. Huko alijipa jina la Kiswahili, Tatu. Mbele yake walikuwapo Moja na Mbili, na Mbili huyo alikuja kufa Bolivia pia, kwa jina jengine. Kongo iliposhindikana Tatu alirudi Dar es Salaam, akajificha katika ubalozi wa Kuba, akayaandika yote yaliyoharibika. Dindo hakuifuata shajara hiyo. Laiti angaliifuata, tungelikuwa na mto na njia ya mbuzi vya upande wetu, na labda wazee wa ukingo wa ziwa wakisema walichokiona.

Miaka mitano baada ya Che alitoa filamu juu ya Genet. Septemba 1982 Genet alikuwamo Beirut wakati Wapalestina walipochinjwa katika makambi ya Sabra na Shatila, na alikuwa miongoni mwa wageni wa mwanzo kuingia Shatila, maiti zikiwa bado njiani. Alikuwa hajaandika kwa miaka mingi. Aliyoyaona ndiyo yaliyomrejesha kalamuni, akaandika makala, kisha kitabu ambacho kilitoka mwaka 1986 mwenyewe akiwa amekwisha kufa. Rimbaud na Genet, basi, wanaitazamana katika kazi ya Dindo: mmoja aliyanyamazia maneno mpaka kaburini, mwengine yalimrudia uzeeni kwa sababu ya vifo vya watu wengine. Safari hii Dindo hakuwaweka mashahidi wa kuigiza. Alimtuma mwanamke kijana, kitabu mkononi, mwenye asili ya Algeria, aende alikokwenda Genet na asome. Mtu aliye hai anausoma ushahidi wa aliyekufa kwa watu waliopona, na mara nyengine wanamsahihisha.

Lakini ukiniuliza wapi njia yake ilifika mbali kabisa, nitakutoa kwa washairi na kukurejesha St. Gallen, mji ule ule wa Ernst S. Mkuu wa polisi wa mkoa huo, Paul Grüninger, aliwaachia Mayahudi mamia kwa mamia wakimbilie Uswisi kutoka Austria baada ya serikali kuufunga mpaka Agosti 1938. Ili waweze kukaa aliandika katika fomu zao tarehe za kabla ya mpaka kufungwa. Hapo napo, kama ilivyo daima kwa Dindo, palikuwa na mtu na kalamu, ila safari hii kilichoandikwa ni uwongo, na uwongo ule ndio uliowaweka watu hai. Mwaka 1939 Grüninger alifukuzwa kazi, na mwaka 1940 mahakama ikamtia hatiani kwa kughushi. Hakupata tena kazi ya kudumu. Alikufa fukara mwaka 1972. Mahakama ilibatilisha hukumu ile mwaka 1995.

Dindo alitoa filamu yake mwaka 1997. Aliwatafuta waliovuka mpaka wakati huo, wengi wao sasa wazee, akawakusanya katika chumba kile kile cha mahakama ambamo Grüninger alihukumiwa. Huko mmoja baada ya mmoja wakatoa ushahidi wao: nilivuka usiku, nilikuwa na mtoto, afisa alituuliza majina, tarehe aliandika yeye. Ni ushahidi ambao kesi ya mwaka 1940 haikuusikia. Ulichelewa miaka 57, na mshitakiwa hayumo chumbani.